Swali Moja la Nyamizi

Mwalimu Mkuu Lugakingira alikuwa na shamba la mahindi, na jembe lake lilikuwa Kidato cha Pili. Siku alipowaamuru wakapalilie, Nyamizi, binti mwembamba mwenye sauti ya kubembeleza, alinyoosha mkono.

"Shikamoo, Mwalimu. Tumebakiwa na swali moja tu la hesabu. Turuhusu tulimalize, kisha tutapalilia mpaka mavuno."

Swali moja lina nini? Mwalimu Mkuu akatangaza mstarini, mbele ya shule nzima, kwamba Kidato cha Pili kisiguswe hadi kimalize swali lake. Pale shuleni neno la mstarini halikutenguliwa. Akajiona muungwana.

Wiki ya tatu magugu yalikuwa yameyapita mahindi kimo, na chaki bado ililia ubaoni. Akamwita mwalimu wa hesabu.

"Hivi hawa watoto ni wazito wa kichwa?"

"Hapana, Mkuu. Wanatafuta kipeuo cha pili cha mbili. Jibu huanza moja nukta nne, kisha tarakimu hazina mwisho wala mpangilio. Hata wajukuu wao hawatamaliza."

Mwalimu Mkuu akachungulia dirishani. "Nyamizi, mmefika wapi?"

"Pazuri, Mwalimu," alijibu, akipangusa chaki vidoleni. "Nukta tumeshaivuka."