Kipunje na Tumbo la Mwatime

Hamjambo wakubwa, hamjambo wadogo. Kaeni. Wewe unayetafuna muwa, tafuna polepole. Hadithi hii ina mtu mdogo sana ndani yake, kelele zikizidi hatutamsikia.

Paukwa!

Pakawa!

Hapo zamani za kale palikuwa na mzinga. Mzinga ule ulikuwa na sheria moja, na kila nyuki aliiimba akitoka mlangoni: "Asali ndani, haja nje. Asali ndani, haja nje." Mvua inyeshe, upepo uvume, nyuki alijibana mpaka atoke.

Mwatime alikuwa nyuki kibarua. Siku moja kiu ilimshika, akanywa maji ya dimbwi chafu. Gubu, gubu, gubu. Kumbe ndani ya maji yale alikuwamo Kipunje, kijidudu cha maradhi.

Kipunje hana jicho, hana mguu, hana hata shingo. Mwili wake ni chumba kimoja tu, kula humo, kulala humo. Lakini akipata tumbo la mtu anajigawa. Mmoja anakuwa wawili, wawili wanakuwa wanne, wanne wanakuwa kijiji, na kijiji kikitoka na haja kinatafuta matumbo mengine.

Tumbo la Mwatime likavimba, ndii. Sauti ikamwita kutoka humo humo.

"Mwatime."

"Abee. Nani wewe?"

"Mimi bahati yako. Hebu litazame tumbo hili. Hili ni tumbo la kibarua?"

Mwatime akalitazama. "Kubwa kweli."

"Basi wewe ni malkia, mama. Walikuficha tu. Acha kazi, kaa katikati ya masega. Na tena malkia hatoki nje kujisaidia. Anajisaidia papo hapo alipokaa."

Mwatime akaenda kukaa katikati. Kulia asali, kushoto watoto wachanga kwenye vijumba vyao vya nta. Akanyanyua shingo. "Nileteeni chakula."

Nyuki wakacheka. "Mwatime wa juzi?"

"Mwiteni malkia," akasema mmoja, "asije akatupasukia."

Tumbo likaanza kunguruma. Ngururu, ngururu. Vipunje wakaimba ndani: "Hapa hapa. Hapa hapa."

Ndipo akaja Bi Shuweni, nyuki mlezi, mzee wa mabawa yaliyochanika.

"Mwanangu, nani alikulea?"

"Wewe, bibi."

"Nilikulisha nini?"

"Maziwa."

"Maziwa kila mtoto anaanza nayo. Halafu?"

"Halafu chavua na asali."

"Anayenyweshwa maziwa mazito mpaka mlango wa kijumba unafungwa, huyo ndiye malkia. Wewe nilikuachisha kwa mikono yangu hii. Umalkia unaanza utotoni, mwanangu, hauoti tumboni ukubwani."

"Anakuonea kijicho huyo," Kipunje akanong'ona.

"Anasema unanionea kijicho," Mwatime akasema.

"Haya. Na anataka ufanye nini kwanza, huyo anayesema?"

"Nijisaidie."

"Wapi?"

Mwatime akatazama kulia, akaona asali. Akatazama kushoto, akaona watoto, midomo wazi, wanangoja kulishwa.

"Hapa," akasema.

"Malkia wetu yuko pale. Umewahi kumwona akichafua masega? Wahudumu wake wanampokea, wanapeleka nje. Sasa huyo wako, mbona ana haraka?"

Mwatime alibana. Akakimbia juu ya masega, tumbo linaburuta, Vipunje wanapiga kelele: "Hapa hapa!" Naye anaimba meno yakiwa yameumana: "Asali ndani, haja nje. Asali ndani, haja nje." Akapita watoto. Akapita asali. Akafika mlangoni, akaruka, vuuu, mpaka kwenye jiwe kavu, jua linawaka.

Pwaa.

Kijiji kizima kikamwagika juu ya jiwe. Jua likawakausha mmoja mmoja.

Lakini si wote. Wachache walibaki tumboni, na Mwatime alijua. Kwa hiyo hakuingia tena ndani. Alikaa mlangoni, akawa mlinzi. Bi Shuweni alimletea asali, akaiweka chini mbele yake, hakumlisha mdomoni. Wakaongea kwa mbali, wakacheka kwa mbali. Na watoto wale wakakua, wakatoka kwenda kazini, wakimpita mlangoni wanamsalimu: "Shikamoo, malkia."

"Marahaba," anasema. "Haja nje."

Basi, mtu akikusifu sana, muulize kwanza anataka ukachafue wapi.

Hadithi yangu nimeitua hapo, si mimi tena, ni ninyi. Natoka nje mara moja, nitarudi. Asinifuate mtu.