Mikuki Iliyolala Bandani

Ukilaza mkuki wa mgeni, umelaza na vita vyake. Ndivyo nilivyomjibu jirani yetu mchana huu alipotaka nimfichie pikipiki ya mdogo wake mpaka ugomvi wao na shemeji zake upoe. Ameondoka amenuna. Nanyi wajukuu zangu mmenitazama kana kwamba nimemnyima maji mwenye kiu, kisha mkaniuliza maneno hayo nimeyatoa wapi. Haya, kaeni, na hiyo mboga mwendelee kuichambua, maana masikio hayahitaji mikono. Methali hii ina kwao, na ilianza hivi.

Zamani sana kulikuwa na nchi ndogo iliyoitwa Ikombe. Ukianza kuivuka asubuhi, jioni umeshatoka upande wa pili. Kaskazini ilipakana na Ulenge na kusini ilipakana na Bunyika, falme mbili kubwa zilizoshindana kwa kila kitu, hata kwa ukubwa wa ngoma. Ikombe haikuwa na jeshi la kumtisha mtu. Ilikuwa na chemchemi za chumvi. Kila kiangazi watu wake walichota maji ya chemchemi, wakayachemsha katika vyungu mpaka yakakauka, na chumvi ikabaki. Falme zote mbili ziliihitaji chumvi hiyo, kwa sababu jeshi lisilo na chumvi nyama yake huoza njiani.

Chemchemi zilizungushiwa ua wa miiba, na sheria yake ilikuwa moja tu. Kila afikaye huchomeka mkuki wake ardhini nje ya ua, huingia mikono mitupu, na huuchukua anapoondoka. Tajiri alifanya hivyo, na maskini alifanya hivyo.

Basi Ulenge na Bunyika wakaingia vitani. Wengine husema sababu ilikuwa malisho, wengine husema mwanamke. Mimi nadhani walikuwa wamechoka tu kukaa kwa amani, kuna watu wa namna hiyo. Kila mfalme alituma mjumbe kwa Mtemi Kalunde, mwanamke aliyeitawala Ikombe, amtake awafungie wale wa upande wa pili chemchemi na atoe vijana wa kupigana. Kalunde aliwapa wote wawili jibu lilelile: "Chumvi yangu mtaipata nyote. Watu wangu hamtawapata nyote."

Ulenge wakamwita popo. Bunyika nao wakamwita popo, si ndege si mnyama. Kalunde akasema jina si kidonda, akaendelea kuwapimia chumvi.

Miaka miwili ikapita hivyo. Mlinzi wa mlango wa ua alikuwa Mihayo, mdogo wake Mtemi, mtu mwema, mwenye haya nyingi. Binti yake Nzela alikuwa ameolewa Ulenge, na mumewe, Sizya, alikuwa jemadari huko. Sasa sikilizeni vizuri, maana hapa ndipo mambo yalipoharibika. Kwa mila ya Ikombe, baba mkwe na mkwewe hawatazamani usoni. Baba mkwe hamwamuru mkwewe, wala hagusi kitu chake. Wakikutana njiani, mmoja hugeukia vichakani mpaka mwenziwe apite.

Jioni moja ya mwaka wa tatu, mvua kubwa ikinyesha, Sizya alifika mlangoni na watu arobaini waliotoka kupigwa vitani. Wengine walibebwa kwenye machela. Sheria ya chemchemi ilimtaka Mihayo amsimamishe. Mila ya ukwe ilimtaka ageuke. Mihayo akageuka, akaukabili ua, mvua ikimpiga mgongoni. Sizya naye, kwa heshima, aliinamisha kichwa akapita haraka. Alipita haraka kiasi kwamba mkuki ulibaki mkononi mwake. Waliomfuata walipoona mkuki wa jemadari umepita, wakapita na ya kwao. Mikuki yote ikaegemezwa ndani ya banda la kupikia chumvi, na wenyewe wakalala.

Mihayo alijiambia kwamba mvua ikikatika wataondoka. Mvua haikukatika kwa siku mbili, na siku zote hizo hakumwambia mtu.

Asubuhi ya tatu akaja mjumbe wa Bunyika, mzee Lugendo, mtu wa adabu. Alichomeka mkuki wake nje kabla ya kufungua kinywa.

"Mtemi," akasema, "tumesikia mikuki ya Ulenge imelala kwako. Sisi hatuna wivu. Ila yetu mia tatu ingependa kulala pia."

Kalunde hakuwa na habari. Aliuliza, "Iko wapi hiyo mia tatu?"

"Nyuma ya kile kilima. Wanangoja jibu lako mpaka jua lifike utosini."

Kalunde akamwita mdogo wake.

"Nani aliyewaruhusu?"

"Hakuna aliyewaruhusu, Mtemi. Niligeuka."

"Uligeuka."

"Ni mkwe wangu. Ningemsemesha kwa nini?"

"Kwa mdomo, Mihayo."

Washauri wakaanza kusema wote kwa pamoja. Mmoja alitaka Bunyika nao waingie, ili mambo yawe sawa. Kalunde akamwambia yatakuwa sawa kweli, kwa kuwa vyungu vyote vitavunjwa. Mwingine alitaka waungane na Ulenge siku hiyohiyo, maana tayari wako ndani. Kalunde aliogopa, na hakuona haya kuogopa, kwa sababu nchi nzima ya wazee na watoto ilikuwa imening'inia kwenye jibu lake.

"Wagonjwa watabaki," akasema mwishoni. "Hata Bunyika wakileta wagonjwa wao, nitawapokea. Lakini mikuki itatoka, na atakayeitoa ni wewe, Mihayo, uliyegeuka."

Mihayo akaingia bandani. Kwa mara ya kwanza tangu harusi alimtazama mkwewe usoni, na Sizya aliona aibu mpaka akajifunika macho kwa mkono.

"Baba," akasema, "unanifukuza?"

"Sikufukuzi, mwanangu. Mkuki ndio hauwezi kubaki. Uchomeke nje, ukae mpaka upate nguvu. Asiye na mkuki ndani ya ua huu hajapata kuuawa."

"Najua. Lakini nina watu ishirini na sita wanaoweza kutembea. Hao hawatakubali kuacha mikuki na adui yuko kilimani. Nikikaa, nani atawaongoza?"

Mihayo alinyoosha mkono auchukue mkuki. Sizya akamwahi, akauchukua mwenyewe, ili baba mkwe wake asivunje mwiko mwingine siku ileile. Akawaacha majeruhi kumi na wanne bila silaha, akatoka na waliobaki kwa njia ya kaskazini.

Mzee Lugendo aliingia bandani, akatazama kila pembe, akatoka. Akang'oa mkuki wake, akaaga, na mia tatu wa nyuma ya kilima hawakukanyaga Ikombe. Lakini katika zile siku mbili za mvua, Bunyika walikuwa wamekwisha kuiziba njia ya kaskazini. Sizya aliuawa kwenye kivuko cha mto, pamoja na wenzake tisa.

Vita viliendelea miaka minne zaidi. Ikombe haikuchomwa moto hata nyumba moja. Katika majeruhi kumi na wanne, kumi na wawili walipona wakarudi makwao.

Nzela alirudi kwa baba yake akiwa mjane. Alimaliza eda bila kumsemesha zaidi ya salamu. Siku moja, wakichochea moto chini ya vyungu, Mihayo alishindwa kuvumilia.

"Mwanangu, najua unanilaumu kwa kumtoa."

Nzela alisukuma ukuni ndani kwanza.

"Sikulaumu kwa kumtoa, baba. Siku ile ya kumtoa ulifanya ulilopaswa. Nakulaumu kwa jioni aliyofika. Njia ilikuwa wazi. Ungemwambia pale mlangoni neno moja tu, angechomeka mkuki akalala kama mgonjwa, au angepita akafika kwangu ana matope tu. Ulimstahi mume wangu siku mbili, na siku hizo mbili ndizo zilizomuua. Ukilaza mkuki wa mgeni, umelaza na vita vyake."

Mihayo aliweka kata chini akalia, na Nzela naye akalia. Walilia pamoja mpaka chungu kimoja kikaungua.

Mihayo alipozeeka, ulinzi wa mlango alipewa Nzela, na Mtemi akaondoa mila ya kugeuka kwa yeyote aliye zamuni. Nzela alilinda mlango ule miaka mingi. Kila alipomfundisha msaidizi mpya, alimsimamisha pale penye ua, akamwambia: "Mgeni mpokee. Mpe uji, mfunge kidonda, mtandikie alale, awe wa Ulenge au wa Bunyika. Lakini mtazame mikononi kabla hajapita, hata kama ni mkweo. Ukilaza mkuki wa mgeni, umelaza na vita vyake."