Bi Pimbi Adai Leseni Yake ya Mafuta

Zamani za kale huko, wanangu, wanyama walipokuwa na maduka yao na mahakama yao, aliishi Bi Pimbi. Alikuwa mdogo, hafiki hata goti la punda, lakini ndiye aliyewauzia wanyama wote wa bondeni mafuta ya taa. Jiko likiwaka popote, limewaka kwa mafuta yake.

Asubuhi moja akaletewa barua: "Leseni yako imefutwa leo. Mafuta yako yana maji." Sahihi ilikuwa ya Bwana Kiboko, Mkuu wa Leseni.

"Maji?" Bi Pimbi akashtuka. "Nani kayapima? Lini?"

Akamfuata ofisini mbio.

"Mheshimiwa, mbona hukuniuliza hata neno moja?"

"Nikuulize wewe?" Kiboko akanguruma. "Nimeshafuta. Toka!"

Kesho yake leseni akapewa Ngiri, shemeji yake Kiboko. Bi Pimbi akalia, machozi tiriri! Kisha akajipangusa uso, akajifunga kibwebwe. "Simbembelezi mtu. Naenda mahakamani."

Karani akamwambia arudi Jumatatu. Akarudi. Akaambiwa arudi Alhamisi. Akarudi tena, akafika hata mlango haujafunguliwa. Mwishowe Jaji Tandala akaisikiliza kesi.

"Bi Pimbi," Jaji akasema, "mimi hapa sipimi mafuta. Napima uamuzi. Sheria inasema kabla ya kufuta leseni, Mkuu aingie ghalani akague, na mwenye leseni asikilizwe. Bwana Kiboko, ulifanya hivyo?"

"Nilifanya!" Kiboko akajibu, kifua mbele.

Jirani yake Bi Pimbi, Mama Kanga, akamnong'oneza, "Mwambie ni mwongo!"

Moyo wa Bi Pimbi ulikuwa unachemka, lakini akatikisa kichwa. Akasimama, akainama kwa adabu.

"Mheshimiwa Mkuu, nisaidie kukumbuka. Uliingia ghalani kwangu wewe mwenyewe?"

"Mimi mwenyewe!"

"Hukuishia mlangoni?"

"Mlangoni? Niliingia mpaka ndani kabisa!"

"Khoo! Khoo!" Ngiri akakohoa, akimkonyeza shemeji yake. Kiboko hakumwelewa.

"Ukakaa?"

"Nikakaa kitako, tukazungumza saa nzima. Ukakiri kosa lako!"

"Khoo! Khoo! Khoo!"

"Shemeji, hebu kanywe maji!" Kiboko akafoka.

Wanangu, Kiboko hakuwahi kufika kwa Bi Pimbi hata siku moja. Alidhani ghala lake ni ghala kama maghala mengine. Ngiri alilijua vizuri, maana alikuwa akinunua mafuta pale.

Bi Pimbi akamgeukia Jaji. "Sina swali jingine, Mheshimiwa. Naomba tu twende tukaone."

Wakatoka wote, wakapanda kilima, Kiboko akihema hee! hee! Kule juu wakakuta mwamba, na katikati ya mwamba ufa mwembamba. Hata Jaji asingeweza kupenyeza kichwa. Ndani ya ufa, madumu ya mafuta yamepangwa safi.

"Ghala langu ndilo hili," akasema Bi Pimbi. "Wateja nawahudumia hapa nje."

"Bwana Kiboko," Jaji akasema taratibu, "hebu ingia kama ulivyoingia siku ile."

Kiboko akavuta tumbo ndani. Akasukuma. Ncha ya pua ikaingia, gwap! Ikanasa.

"Nitoeni! Jamani, nitoeni!"

Wakamvuta mkia. Wakavuta, wakavuta, pwaa! Akaanguka chali. Wanyama wakacheka mpaka wakashika mbavu.

"Sikuja," Kiboko akasema kwa sauti ndogo. "Sikuwahi kuja, wala sikupima kitu. Ngiri ndiye aliyeniomba."

Jaji Tandala akatoa hukumu papo hapo. "Uamuzi wa kufuta leseni nautengua. Leseni ya Ngiri nayo inakoma leo. Nawe Bwana Kiboko, ukiwa bado una shaka na mafuta ya mama huyu, mwandikie barua, njoo ukague, umsikilize."

"Na akaribie sana," akasema Bi Pimbi. "Ila amtume mkaguzi anayeenea mlangoni."

Akafungua duka mchana uleule.

Basi wanangu, mwenye cheo akihukumu bila kusikiliza, uongo wa kujitetea humnasa yeye mwenyewe.