Kabati la Mninga la Marehemu

Arobaini ya marehemu ilipokwisha, kaka yake tajiri, Faki, alimwendea mjane Siwatu kudai kabati la mninga, mti wa mbao za thamani. Alikuta makabati mawili: moja liking'aa kwa mistari mizuri ya mbao, jingine limepakwa rangi nyeupe ovyoovyo, imechuruzika hadi miguuni.

"La mninga ni lipi?"

"Hilo jeupe, shemeji."

Faki akacheka. "Nani hupaka mninga rangi? Nenda kawadanganye watoto!"

Akabeba linalong'aa. Mvua ikamkuta njiani. Ganda la mninga, jembamba kama karatasi, likabanduka na plaiwudi iliyokuwa chini yake ikavimba. Akarudi akifoka.

"Umenihadaa!"

Siwatu alikuwa ameshika kitambaa chenye maji, anafuta chokaa kwenye mninga wake.

"Nilikuambia kweli, shemeji. Ndiyo maana hukuitambua."