Ruhusa ya Bwana Mbaruku

Bwana Mbaruku alishtaki mahakamani kwamba maulidi ya mtaani yanawakera wageni wa hoteli yake. Hakimu akaamuru yasisomwe tena bila ruhusa ya Mbaruku.

Bi Shekue, muuza mahamri asiyeshindwa kwa maneno, akainuka. "Mheshimiwa, tukienda kumwomba hiyo ruhusa, tumwombe kwa adabu zetu?"

"Bila shaka."

Alhamisi mtaa mzima ukabisha hodi hotelini. Mbaruku akawafungulia mwenyewe, akaketi kwa maringo angoje kubembelezwa. Bi Shekue akaanza kwa kumsalia Mtume, wenzake wakaitikia kwa kupiga matwari, wakaendelea mpaka dua ya mwisho. Ndipo akasema, "Sasa bwana, tunaomba ruhusa ya kusoma maulidi."

"Sitoi!"

"Haya, basi hatusomi." Wakaenda zao.

Kesho yake Mbaruku alikuwa mahakamani, anafoka. "Wamesoma maulidi mazima ukumbini kwangu!"

"Mbona hukuwakatiza?" hakimu akauliza.

"Ningewakatizaje, mheshimiwa, nao wanamsalia Mtume?"

"Kwa hiyo ulifanya nini?"

Mbaruku akajikuna ndevu. "Waliposimama, nilisimama. Nikaitikia."

"Tena marashi," Bi Shekue akadakia, "aliomba arashiwe mara mbili."