Siddavva, Gauda na Nyoka wa Mwendo wa Pole

Katika kijiji kimoja cha Wakannada, kusini mwa India, mkuu wa kijiji, Gauda Channabasappa, alimbwagia mjane Siddavva gunia la ulezi mlangoni.

“Usage bure kabla jua halijatua. La sivyo, nalichukua jiwe lako la kusagia.”

“Sawa, Gauda.”

Gauda akaketi kibarazani amchunge asiibe unga. Siddavva akazungusha jiwe huku akisimulia, kama wafanyavyo wanawake wote wa huko wakisaga: bibi harusi kafungiwa chumbani pamoja na nyoka, nyoka kainua kichwa…

Jiwe likasimama.

“Ikawaje?” akauliza Gauda.

“Mkono umekufa ganzi.”

“Na mdomo je?”

“Hadithi ya kusagia husimuliwa jiwe likizunguka. Au mama yako alikusimulia jiwe limesimama?”

Gauda akafikiri. Mama yake hakuwahi kufanya hivyo. Akakunja mikono ya shati, akashika mpini.

Jiwe likazunguka, na nyoka akatambaa polepole sana. Jua lilipokaribia kuzama, Gauda alikuwa na unga hadi kwenye nyusi.

“Nyoka kafika miguuni pa bibi harusi,” alisema akihema. “Ikawaje?”

Siddavva akachungulia guniani. “Ulezi umekwisha?”

“Umekwisha.”

“Basi nyoka akaenda zake. Beba unga wako, Gauda.”