Papasi wa Nyumba Ndefu

Tumwine hakuwa na kitanda, hakuwa na dirisha wala taa, na hakuwa na mtu wa kuamkiana naye. Alichokuwa nacho ni kaka: Kakuru, karani huko Bukoba, aliyeahidi kumtafutia chumba bora.

Alipanga katika nyumba ndefu ya udongo pale Nyaishozi. Mwenye nyumba alikwisha kuhama, paa lilivuja, na nyufa zilijaa papasi, wale wadudu wanaouma usiku na kuleta homa. Wapangaji walijikuna hadi alfajiri, kila mmoja akimsikia mwenzake ukutani, kisha wakapishana uani kimya kama mbuzi wa wachungaji tofauti. Kila mtu aliamini papasi wanatoka kwa jirani.

Tumwine, mtoto wa wafugaji wa Rugu, aliijua dawa: kinyesi kibichi cha ng'ombe na majivu, kuziba kila ufa. Lakini aliona haya kunuka zizi mjini. Tena, kukandika chumba kimoja ni kuwahamishia papasi katika chumba cha pili tu. Akamngoja Kakuru. Homa ikamwangusha, akawa hana wa kumchotea hata maji.

Asubuhi moja mlango uligongwa. Alikuwa Othman, mzee fundi cherehani wa chumba cha jirani.

"Shikamoo," Tumwine alisema kwa taabu.

"Marahaba. Jana sikukusikia ukijikuna. Nikasema, huyu ama kahama, ama kafa."

Othman akamnywesha uji, akamwita tabibu. Tumwine alipopata nafuu, alimweleza ile dawa.

"Mavi ya ng'ombe?" Othman alikunja uso. "Wafugaji mna visa. Mimi nasali humu."

"Basi endelea kuliwa, mzee wangu."

Othman alijikuna shingo, akafikiri. "Nitasali msikitini. Hawa hawaniachi hata nisujudu."

Akabisha mlango kwa mlango. Dafroza, muuza pombe ya ndizi, alileta majivu. Wengine walibeba kinyesi huku wakitaniana. Vyumba vyote vikakandikwa siku hiyo hiyo. Usiku, badala ya kucha za kujikuna, ukutani zilisikika hadithi.

Ndipo barua ya Kakuru ilipofika: "Vumilia hadi mavuno ya kahawa."

Tumwine alijibu: "Kaka, nimepona. Chumba usinitafutie tena. Hapa nina watu." Akaifunga bahasha kwa utomvu wa mgomba, akamkabidhi dereva wa lori la Bukoba. Kakuru alimpenda kwa dhati, lakini fimbo ya mbali haiui nyoka.